Nilivyonunua nyumba ya ghorofani Dar nikiwa Moshi

Kwetu Kibosho mtu akisema amenunua nyumba, huulizwa kwanza ukubwa wa kiwanja. Nilipowaambia wazee kwamba nataka nyumba katika mnara wa makazi Upanga, ghorofa ya kumi na mbili, baba mdogo aliuliza mbele ya wote: "Mwanangu, na ardhi yako itakuwa wapi?"

Nililiheshimu swali lile, kwa sababu fedha zilikuwa zetu sote, mimi na kaka zangu, baada ya kuuza fremu za maduka karibu na soko la Mbuyuni.

Jibu lilikuwa kwenye Sheria ya Umiliki wa Sehemu za Majengo ya mwaka 2008. Mnunuzi hupata hati ya sehemu yake, na pamoja nayo fungu katika mali ya pamoja: kiwanja, ngazi, paa, lifti. Kwa hiyo mkataba wa mauziano peke yake haukunitosha. Wakili alifanya upekuzi kwa Msajili wa Hati: je, jengo limegawanywa kisheria? Lina rehani ya benki? Hati ya kiwanja imebakiza miaka mingapi? Maana ardhi ya mjini hutolewa kwa muda, 33, 66 au 99.

Dalali alitaka nitazame bahari kutoka barazani. Ni kweli inapendeza, lakini mimi nilitaka kuona chumba cha pampu. Kule juu maji hayapandi yenyewe, na umeme ukikatika bila jenereta, mama mwenye magoti mabovu anabaki kifungoni. Nikakaa na mlinzi na fundi wa jengo, tukaongea taratibu. Jenereta inaendesha lifti zote au moja? Nani ananunua dizeli? Lifti ilikaguliwa lini? Nikaomba pia majina ya mkandarasi na mhandisi, nikayahakiki kwenye bodi zao za usajili. Hilo sikuliona dogo: mwaka 2013 jengo la ghorofa 16 liliporomoka katikati ya Dar es Salaam, watu 36 wakafa.

Nililopigania zaidi ni hesabu za umoja wa wamiliki. Huko ndiko utakapojua kama jengo litakuwa zuri baada ya miaka kumi, kwa sababu lifti na paa hutengenezwa kwa michango ya wenye nyumba. Walinipa. Mfuko wa akiba ulikuwepo, ila muuzaji alikuwa na malimbikizo ya ada ya huduma. Wakili akaandika kwenye mkataba kwamba deni likatwe kwenye bei, tukapewa na barua ya kuthibitisha limelipwa. Ushuru wa stempu, asilimia 1, tulilipa sisi.

Hati ilipotoka nilimpelekea baba mdogo. Alivaa miwani, akasoma mpaka penye fungu letu la kiwanja, akaniuliza mikutano ya wamiliki nani atahudhuria. Kaka anayeishi Tabata ndiye anayekwenda, na safari hii wanajadili pampu mpya.