Usiku wa Vugo, Langoni

Mwaka 2021, nilipokuwa nikitengeneza filamu yangu fupi ya vugo, ngoma ya harusi ya wanawake hapa Lamu, kichwani nilikuwa na kazi moja ya Marekani. Mwaka uliotangulia Greg Whiteley alikuwa ametoa Cheer, mfululizo wa filamu za hali halisi kuhusu washangiliaji wa Chuo cha Navarro, kule Corsicana, Texas: vijana wanaorushana hewani na kudakana, mazoezi msimu mzima kwa onyesho la dakika 2 na sekunde 15. Kilichonishika ni mwisho wake. Siku ya shindano kuu, Daytona Beach, wapiga picha wake walikatazwa kurekodi, ikabidi onyesho lionekane kupitia video za simu za watazamaji. Na bado moyo ulinienda mbio, maana nilishamjua kila aliyepanda jukwaani, hata yule anayeficha mbavu zinazomuuma.

Vugo nayo ina ushindani wake. Wanawake hugonga pembe za nyati kwa vijiti, huku wakiimba beti za kumsifu bibi harusi na mafumbo ya kuwachoma wenzao. Kikundi cha mtaa wa Langoni kikipokea ubeti vibaya, mtaa wa pili wa Mkomani watajua kabla hakujapambazuka.

Kiongozi wao, Bi Mkubwa, aliniruhusu kurekodi mazoezi kwa sharti moja: mikono na pembe, nyuso hapana. "Ndoo uketi hapa, mwanangu," akaniambia, akinionyesha mkeka. Pembe yake ilikuwa imelainika na kung'aa pale kijiti kinapogonga, kwingine kote ina makwaruzo. Msichana akichelewa kupokea, Bi Mkubwa hakemei. Anagonga mara mbili, kavu, na wote wanarudi mwanzo wa ubeti. Nilirekodi mapigo hayo mawili mpaka nikaanza kuyasikia usingizini.

Usiku wa harusi kamera ilibaki nyumbani kwangu. Ni shughuli ya wanawake pekee, mabuibui yamevuliwa; hakuna filamu yenye haki ya kuingia humo, na hilo naliamini mpaka leo. Kwa idhini ya Bi Mkubwa niliketi dakani, kwenye kiingilio cha nyumba, na kinasa sauti. Pembe zilivuma juu ya ukuta wa matumbawe, vigelegele vikapanda, fumbo likarushwa, na kicheko kilicholipuka kiliniambia kuwa limempata mwenyewe. Watoto barazani walikuwa wakiugonga mdundo huohuo kwa vijiti vya kuokota.

Katika kuhariri, niliiweka sauti ya usiku ule juu ya mikono ya mazoezini. Kisha nikaipeleka filamu uani kwa Bi Mkubwa, kikundi kizima kikaizunguka kompyuta. Bi Mkubwa akataka nirudishe nyuma. Akataka tena. Halafu akamnyooshea kidole msichana aliyeketi mwisho.

"Huyo ni weye. Mkono umelala."

Akaagiza pembe ziletwe, mazoezi yakaanza palepale, filamu ikiwa bado haijafika nusu.