Mwigizaji Alitaka Kulia, Mpiga Picha Alitaka Mwanga

Filamu ile fupi tuliifanya watu wawili tu. Mimi nilikuwa mwigizaji na mpiga picha. Mwenzangu, dada asiyejua kuchoka, aliongoza, akashika kinasa sauti, na ilipobidi akakaa mahali pangu ili niweke fokasi, yaani picha itoke kali pale ninapotaka.

Sini ninayoikumbuka zaidi ni ya dirishani. Mhusika wangu anapigiwa simu kuambiwa baba yake amefariki. Hana neno hata moja la kusema. Taa hatukuwasha, nilitaka jua la dirishani limpige shavu la kushoto, la kulia libaki kivulini. Nikafunga lenzi ya milimita 50. Dada akaketi, nikavuta futi ya kupimia kutoka kwenye kale kaduara kenye mstari juu ya kamera, kanakoonyesha ilipo sensa, kile kibamba cha ndani kinachopokea picha, hadi jichoni pake: mita moja na nusu. Miguu ya kiti nikaiwekea alama za selotepu sakafuni. Tundu la lenzi nikaliweka f/4, dogo kiasi, ili fokasi isiwe nyembamba mno. Roho ilitaka f/1.8, tundu pana zaidi, ukuta wa nyuma uyeyuke kabisa, lakini hapo mwigizaji akiinama kidogo tu macho yake yanatoka kwenye fokasi, na mtu wa kumfuata kwa fokasi hayupo. Ndiye huyo analia.

Watu hudhani ugumu wa kofia hizi mbili ni uchovu. Wapi! Ugumu ni lile jicho la pili. Simu iliita, nikaanza kumwingia yule mtu, na papo hapo mpiga picha akaniuliza: kivuli cha pua kimefika mdomoni? Nani ataomboleza huku anakagua pua yake? Kiskrini cha kamera kilikuwa kimegeuzwa kwangu, nijione. Dada akasimamisha, akaja akakifunga pap.

“Kaka, hapa abaki mmoja.”

Tukarudia. Akapiga kofi mbele ya lenzi, ili baadaye sauti na picha zioane, kisha kimya. Katikati ya shoti wingu likapita. Nililijua kwa ngozi: joto liliondoka shavuni, chumba kikafifia. Kamera nilikuwa nimeipangia kila kitu kwa mkono, kwa hiyo isingejirekebisha. Giza la chumbani lingeingia lilivyo. Mpiga picha alishapanua mdomo aseme “kata”. Mwigizaji akaweka simu mezani, taratibu, akabaki kutazama nje. Jua liliporudi lilikuwa kali, likamchoma macho, akayafumba. Machozi yakashuka, na sijui hadi leo yalikuwa ya msiba au ya jua.

Kwenye uhariri tulibishana jioni nzima. Nilitaka tukate kipande cha wingu, maana nilipojaribu kukiongezea mwanga, ukuta ulijaa chembechembe. Dada hakusikia la mtu. Shoti ilibaki nzima, giza na chembe zake, na kila filamu ikionyeshwa mimi nautazama ule ukuta tu.