Jinsi nilivyoandika na kutoa neno la msimamizi wa bibi harusi

Rafiki yangu aliponiomba niwe msimamizi wake katika harusi iliyofungwa Dar es Salaam, nilikubali kwa furaha, kwa kuwa majukumu yote niliyoyafahamu yalikuwa ya kutenda na si ya kusema: kwenda naye kwa fundi, kukaa naye saluni tangu alfajiri, kumshikia maua, kumweka shela sawa, na kusaini kitabu cha ndoa baada ya kiapo. Kisha kamati ikatoa ratiba ya ukumbini, na kati ya kukata keki na kutoa zawadi palikuwa na mstari ulioandikwa "Neno la msimamizi wa bibi harusi". Mimi ni mhasibu, na kazini taarifa zangu huzitoa kwa maandishi. Tangu sekondari, kila niliposimama mbele ya watu koo lilikauka, mikono ikatetemeka, na maneno niliyoyajua vizuri yakanipotea. Nilimpenda rafiki huyu kiasi cha kutoweza kukataa, na kwa sababu hiyohiyo niliogopa kuliko nilivyowahi kuogopa.

Ugumu wa neno hilo katika harusi zetu, hata hivyo, hauko katika woga peke yake. Kufikia siku ya harusi, bibi harusi ameshanasihiwa mengi: kina mama wamemfunda kwenye kicheni pati, wazazi na wajomba wamemuusia kwenye sendofu, padre amewahubiria wote wawili kanisani, na bado ukumbini wazazi wa bwana harusi watasema ya kwao. Msimamizi anayesimama kuongeza kwamba ndoa ni uvumilivu anarudia jambo ambalo wakubwa wameshalisema kwa uzito ambao yeye hana. Nilitafuta mifano ya hotuba mtandaoni, na nyingi nilizozipata zilikuwa za Marekani na Uingereza, ambako msimamizi huwachekesha watu kwa kufichua visa vya ujana wa bibi harusi. Mbele ya wazee wa Kichagga waliotoka Moshi na wazee wa Kihaya waliosafiri kutoka Bukoba, visa vya namna hiyo vingemwaibisha yeye pamoja na mama yake.

Jibu nililipata parokiani. Wakati maharusi wakiendelea na mafundisho ya ndoa, paroko alituita na sisi wasimamizi, akatueleza kwamba kwa mujibu wa kanuni ya 1108 ya Sheria za Kanisa, ndoa hufungwa mbele ya mhudumu wa Kanisa na mashahidi wawili, na kwamba Sheria ya Ndoa ya Tanzania ya mwaka 1971 nayo inataka mashahidi wasiopungua wawili. Alisisitiza kwamba hatukuchaguliwa ili kupendezesha picha. Nilitoka pale nikiwaza kwamba kama kanisani nimeitwa kushuhudia, basi ukumbini pia nitashuhudia. Shahidi hatakiwi kuwa na hekima kuwashinda wazee wala ufasaha kumshinda mshereheshaji. Anatakiwa tu awe alikuwepo, na aseme alichokiona. Wazo hilo lilinipunguzia mzigo kuliko mbinu nyingine yoyote niliyoitumia baadaye, kwa sababu lilinionyesha kwamba kulikuwa na mambo ambayo hakuna mtu mwingine ukumbini angeweza kuyasema.

Nilichukua daftari nikaanza kuandika matendo ya rafiki yangu niliyoyashuhudia mwenyewe. Nilijizuia kuandika sifa. Kila nilipotaka kuandika kwamba ana upendo au ni mchapakazi, nilijilazimisha kutaja mahali, wakati na kitendo, na kama sikuweza kuvitaja, sifa hiyo haikuingia. Mengi yaliondoka yenyewe: yaliyohitaji maelezo marefu ili yaeleweke, yaliyokuwa siri yake, na yale ambayo nilipoyasoma upya niliona yalinihusu mimi zaidi kuliko yeye. Kilichobaki ni kisa kimoja, na nilipokiona nilijua kwamba neno langu lote litakaa juu yake.

Nilipojifungua mtoto wangu wa kwanza huko Mbeya, mama yangu mzazi alikuwa mgonjwa na hakuweza kuja kunihudumia. Rafiki yangu alichukua likizo yake, akapanda basi kutoka Dar es Salaam, akashukia nyumbani kwangu. Kwao Uchaggani mzazi hulishwa mtori mpaka mwili urudi, na yeye hakukubali niachiwe uji tu kwa sababu ya umbali. Alikwenda sokoni mwenyewe kuchagua ndizi za Tukuyu, akazimenya, akazichemsha na nyama, akaziponda hadi zikalainika, akaniletea bakuli asubuhi na jioni. Usiku alimbeba mtoto ili mimi nilale. Alipoondoka hakudai shukrani, na miaka yote iliyofuata hakuwahi kunikumbusha.

Bado nilihitaji la kusema kuhusu bwana harusi, kwa kuwa neno linalomsifu bibi harusi peke yake huwafanya ndugu wa upande wa pili waketi kama wapita njia. Nilikumbuka kwamba walipotutembelea mara ya kwanza wakiwa wachumba, mwanangu alisinzia mapajani pa rafiki yangu, naye shemeji, ili mtoto asiamshwe, aliinuka kimya akaenda kuosha vyombo vyote tulivyolia chakula, ingawa alikuwa mgeni. Nilisita kulisema hilo mbele ya wazee wa kwao. Nilimpigia dada wa bwana harusi nikamsomea sehemu hiyo, naye akanijibu, "Dada, liseme. Shangazi ndiye aliyemlea, na ndiye aliyemfundisha kuosha vyombo." Ningemshauri msimamizi yeyote awe na mtu wa upande wa pili wa kumsomea kabla ya siku yenyewe, kwa maana yapo mambo ambayo rafiki wa bibi harusi hawezi kuyapima peke yake.

Kuandika kwa ajili ya mdomo kulinichukua muda mrefu kuliko kukusanya mambo yenyewe. Nilisoma kila sentensi kwa sauti, na pale pumzi iliponiishia nikaikata sentensi katikati. Nilijirekodi kwa simu nikagundua kwamba nikisema kwa utulivu hutumia takriban maneno 100 kwa dakika. Mshereheshaji, nilipomtafuta kumuuliza, aliniambia, "Una dakika nne, dada. Ukizipita nitaanza kukusogelea taratibu." Niliandika maneno 350, nikaacha nafasi ya vigelegele. Salamu nilizifupisha: baba paroko, wazazi wa pande zote mbili, maharusi, wageni waalikwa, kisha itifaki imezingatiwa, maana anayetaja vyeo vyote humaliza dakika yake ya kwanza kabla hajasema kitu. Yote niliyanakili kwa herufi kubwa kwenye vipande vya karatasi ya manila. Karatasi nyepesi hutikisika mkononi, na anayeishika akiona inatikisika huzidi kuogopa. Simu nayo huzima kioo chake wakati usiofaa.

Kuhusu woga wenyewe, nilisaidiwa sana na kuelewa unavyofanya kazi. Mtu anapojiona hatarini mwili humwaga adrenalini, moyo hukimbia, mate hupungua, na misuli hukazwa tayari kwa kupambana au kukimbia. Mtu mwenye furaha kubwa naye moyo humwenda mbio, na ndiyo maana kujiambia "tulia" huwa kazi ngumu. Mwaka 2014 mtafiti Alison Wood Brooks wa Chuo Kikuu cha Harvard alichapisha majaribio ambamo watu waliojiambia kwamba wana msisimko kabla ya kutoa hotuba walionekana na wasikilizaji kuwa na ushawishi na uwezo zaidi kuliko waliojiambia kwamba wametulia. Kwa hiyo niliacha kupigana na mapigo ya moyo wangu. Nilijifunza kujiambia kwamba moyo unakimbia kwa sababu rafiki yangu anaolewa, na hilo lilikuwa kweli. Pia nilizoea kuvuta pumzi kwa kiasi na kuitoa polepole kwa muda mrefu zaidi, kwa kuwa moyo hupunguza kasi mtu anapotoa pumzi.

Kisha nilihitaji watu. Kusema mbele ya kioo hakukunizoesha macho ya watu, ambayo ndiyo niliyoyaogopa. Nilianza na mume wangu, nikaendelea na majirani wawili waliokubali kuketi sebuleni na kunitazama bila kutabasamu, na jioni ya kuamkia harusi nikawaomba watu wa muziki waniruhusu nijaribu maikrofoni ukumbini. Nafasi hiyo ilikuwa na thamani kubwa. Ukumbini sauti yako hukurudia kutoka kwenye spika ikiwa imechelewa kidogo, na asiyelitarajia hilo hubabaika akidhani kuna mtu anamjibu. Fundi alinionyesha kuishika maikrofoni chini kidogo ya kidevu, na kungoja neno lifike nyuma ya ukumbi kabla ya kuanza linalofuata.

Siku ilipofika, nilipoitwa, woga ulikuwepo wote. Magoti yalilegea na nilisikia damu masikioni. Nilisimama, nikatoa pumzi, nikamtazama bibi harusi mpaka akanitazama, ndipo nikaanza. Baada ya salamu nilisema hivi: "Wazazi wetu mmeshawapa maharusi nasaha, nami sina umri wala haki ya kuziongeza. Asubuhi nimesaini kitabu cha ndoa kama shahidi, kwa hiyo naomba nishuhudie mambo mawili niliyoyaona kwa macho yangu." Ukumbi ulitulia haraka kuliko nilivyotegemea. Nilipofika kwenye mtori, kina mama wa Kichagga walianza kuitikia kwa sauti, na mama wa bibi harusi akafunika uso kwa kitenge. Sauti yangu ilikatika hapo, nikaiacha ikatike, nikangoja, nikaendelea. Nilipogeuka upande wa pili na kusema, "Shemeji, uliosha vyombo nyumbani kwangu ili mtoto asiamke, na siku ile nilijua kwamba rafiki yangu hatachoka peke yake," shangazi alisimama kitini akapiga vigelegele, na meza zote za Bukoba zikampokea.

Nilimaliza kwa kuwaomba wageni wainue glasi kwa ajili ya nyumba ambayo mgeni atalishwa mtori na mwenye nyumba ataosha vyombo. Mshereheshaji hakulazimika kunisogelea. Nilipomrudishia maikrofoni mikono ilikuwa bado inatetemeka, lakini hapakuwa na muda wa kuishughulikia, kwa sababu familia ya bwana harusi ilikuwa tayari imepanga mstari na zawadi zake, na msimamizi ndiye anayesimama kando ya bibi harusi kuzipokea.