Barua ya Spinoza kwenda Heidelberg
Wiki hii nimekuwa nikisoma barua za Baruch Spinoza, mwanafalsafa wa Uholanzi wa karne ya 17, na iliyonigusa zaidi ni ile ya mwaka 1673, ambamo anakataa kwa adabu nafasi ya uprofesa katika Chuo Kikuu cha Heidelberg. Aliahidiwa uhuru mpana wa kufikiri, mradi asiivuruge dini iliyotambuliwa na dola. Naye akajibu kwamba hajui uhuru huo ungewekewa mipaka wapi. Adabu yenye ncha kali, kwa kweli! Akiwa na miaka 23 alikuwa amekwisha kutengwa na jumuiya ya Wayahudi wa Amsterdam, akajipatia riziki kwa kusaga lenzi. Kitabu chake kikuu, kinachomwona Mungu na maumbile kuwa kitu kimoja, kilichapishwa mwaka 1677, baada ya kifo chake.