Vipimo vya Suruali

Mwaka 1993, nilipokuwa nyumbani nikisubiri majibu ya kidato cha nne, mimi na baba tulikaa karibu miezi miwili tukiambiana maneno mawili tu kwa siku: shikamoo yangu ya asubuhi na marahaba yake. Mengine yote yalipitia kwa mama, ambaye aliambiwa "mwambie mwanao" hata nikiwa nimeketi mkeka mmoja naye.

Kisa kilikuwa suruali. Baba alikuwa fundi cherehani mjini Mwanza, na kazi yake ilianza kuyumba tangu mitumba ilipomiminika nchini katikati ya miaka ya 1980, kwani ni mteja gani angenunua kitambaa cha kiwanda cha Mwatex, alipe na ujira wa kushonewa, kisha angoje wiki nzima, ilhali mnadani angepata suruali ya Ulaya kwa bei ya zipu na vifungo? Mimi, kwa fedha nilizopata kwa kubeba samaki mwaloni, nilinunua jinzi ya mtumba na kupita nayo mbele ya kibaraza chake, wateja wakiwapo. Hakunigombeza. Afadhali angenigombeza.

Nilipochaguliwa kwenda kidato cha tano Tabora, fomu ya shule ilidai suruali mbili za kijivu. "Mwambie mwanao aje kibarazani," baba akasema. Kwa desturi yeye alitaja vipimo na kijana wake wa kazi akaandika, lakini kijana huyo alikwisha kuondoka kwa kukosa malipo, hivyo daftari nikapewa mimi.

Akanizungushia futi kiunoni kwa vidole vikavu vyenye vumbi la chaki.

"Kiuno ishirini na nane."

"Nimeandika, baba."

"Nyonga thelathini na sita."

"Nimeandika."

Sikumbuki kama tuliwahi kuzungumza kwa kirefu namna ile, hata wakati tulipokuwa tukielewana. Akapiga goti kupima urefu, na kwa mara ya kwanza nikauona utosi wake, umeanza kuota mvi. Kisha akauliza swali alilomuuliza kila mteja, ingawa nguo zangu zote alikuwa amezishona bila kuniuliza:

"Chini unataka inchi ngapi?"

"Kumi na sita," nikasema, nikijua fika kwamba yeye hakushona chini ya ishirini.

Akanyamaza, futi mkononi, goti bado sakafuni.

"Andika kumi na nane."

Nikaandika kumi na nane.