Nimekuona upo hewani

Sisi mafundi cherehani tunajulikana kwa ahadi zetu. "Njoo Ijumaa" ikifika Ijumaa inageuka "pitia baada ya swala", na baada ya swala umeme umekatika. Mteja alikuwa anajua, fundi anajua, na salamu ziliendelea kwa sababu hakuna aliyekuwa na ushahidi. Siku hizi mteja haji hata dukani. Saa tano usiku simu inalia: "Fundi, nimekuona upo hewani. Gauni langu vipi?"

Nipo hewani namsikiliza shangazi yangu wa Pangani akinieleza habari za goti lake. Lakini mueleze hivyo mtu ambaye harusi yao ni Jumamosi.

Watu wakihesabu madhara ya mitandao huanza na uongo, picha za aibu, na watoto wanaokesha na TikTok mpaka bando liishe. Kweli tupu, na yameshasemwa na wenye sauti kunizidi. Linalonichosha mimi ni jingine: siku hizi kila mtu anajua kuwa upo, umesoma, umetazama, na umenyamaza. Huku kwetu Ngamiani, Tanga, nyumba zimegusana, ujirani uliponea kwenye kujifanya hukuona. Unapita dirishani kwa watu wanagombana, unaongeza mwendo, na kesho yake mnasalimiana kama kawaida. Ukialikwa shughuli na mfuko mtupu, unasema habari ilichelewa kukufikia, na mwenye shughuli analipokea neno lako kwa heshima ingawa anajua. Ilikuwa ni sitara kwa pande zote mbili.

Tiki za bluu za WhatsApp zilipoingia mwishoni mwa 2014 tulizifurahia. Unaweza kuzizima, ila ukizizima nawe huoni za wenzako, na kwenye grupu hazizimiki kabisa. Hata ujumbe wa sauti, ukishausikiliza, aliyeutuma anajua.

Na magrupu ndiyo penyewe. Tangu 2019 upo mpangilio wa kuzuia watu wasikuingize ovyo. Uweke basi, halafu kamweleze mjomba wako kwa nini namba yako imemkatalia kwenye grupu la harusi ya mwanawe.

Asiyewahi kukaa kwenye grupu la michango ameepukana na mengi. Orodha ina namba, jina, ahadi, alichotoa, baki. Kila mtu akilipa, orodha nzima inabandikwa upya na maua na "Mungu akubariki". Kila ikibandikwa, wasiolipa wanasomwa tena. Dukani kwangu alikuwa anakuja mama mmoja muuza vitumbua. Aliahidi elfu hamsini, kisha mjukuu akalazwa, hela ikaenda huko. Jina lake likabaki na sifuri mbele yake, likipanda na kushuka na orodha mchana na usiku, machoni pa mawifi, majirani na wateja wake wa asubuhi. Hakuna aliyemtukana. Kuna mtu tu aliandika, "Jamani tuliobaki tukumbuke ahadi zetu," na kila mmoja alijua waliobaki ni akina nani. Akaenda kukopa kwa wale wa kausha damu, wenye riba ya kuumiza. Alilipa mchango, akaniletea na kitambaa cha sare nimshonee, maana kama utaonekana umelipa basi uonekane na sare. Deni lile alilihangaikia mpaka harusi yenyewe ilipokuwa imeshasahaulika.

Zamani mweka hazina alikuwa na daftari. Ukikwama, alikuja barazani jioni, akaulizia watoto, mkaongea mengine yote, ndipo akashusha sauti.

Utasema si ajitoe. Mpaka 2022 ukijitoa, grupu zima liliandikiwa kwamba fulani ametoka. Sasa wanaarifiwa maadmini peke yao, jambo la kheri, isipokuwa admini ni dada wa bwana harusi. Na mwanakikundi mwenye subira akifungua orodha ya waliotoka ataliona jina lako, kwa siku 60.

Ila la harusi lina nafuu. Kijana wa nyumba ya tatu kutoka kwetu yuko Muscat, anafanya kazi. Mama yake alifariki alfajiri. Desturi yetu habari ya msiba haitupwi, inapelekwa. Kwanza unaambiwa mama hali si nzuri, halafu mtu mzima anatafuta aliye karibu nawe huko ugenini akae nawe, ndipo neno linasemwa. Wazee walikuwa bado ndani wanajadili nani apige simu, kama awe baba mdogo au mwalimu wake wa madrasa. Wakati huo binamu yake ameshaweka picha ya marehemu kwenye stetasi, na "Inna lillahi" chini yake.

Yule kijana alinipigia mimi. Nadhani alichagua mtu asiye wa ukoo ili asidanganywe. "Kaka, nimeona kitu kwa binamu. Hebu niambie ukweli." Mimi nilikuwa ndiyo kwanza nafungua duka, sijui lolote. Alinisomea yeye, kwa sauti yake mwenyewe, maneno yaliyoandikwa chini ya picha ya mama yake.

Binamu si mtu mbaya. Alilia sana pale msibani, na aliposemwa hakuelewa kosa lake ni nini: watu waliotazama ile stetasi walishaanza kumpa pole.

Siwezi kuiacha hii mitandao, nusu ya wateja wangu wananipata Instagram. Wanakuja na skrinishoti za mishono ya wanawake ambao viuno vyao vimepunguzwa kwa programu, mimi nitakiwe kuvipata kwa mkasi, hilo nimeshalizoea. Nilichofanya nimeficha kuonekana hewani. Mteja wa Chumbageni akapanda bodaboda kuja kuniuliza kama nimemblock.

Mwezi ujao mtaani kuna harusi nyingine. Mweka hazina ni mzee mstaafu wa reli, na amekataa kubandika orodha. Kila Ijumaa anaandika jumla iliyopatikana, basi. Vijana wanasema hakuna uwazi, na wana hoja, maana hata enzi za madaftari wapo waweka hazina waliokula hela za pilau tukabaki tunatazamana. Mzee amewajibu kwamba mlango wake uko wazi baada ya swala ya alasiri: anayetaka kuona mstari wake aje ataoneshwa. Wake tu.