Baridi ya Kuazima

Mwaka ule nilikuwa nimemaliza mtihani wa Serikali, ule wa kumaliza sekondari, nasubiri matokeo kwa Tantine, shangazi yangu, mtaa wa Muhumba, hapa Bukavu, mashariki mwa Kongo. Kiwanja chake kilijaa maua, na Jumamosi watu wa harusi walipanga foleni getini. Lakini karibu yote yalitokana na kukata au kugawa: hortensia kwa vipande vya shina, kana kwa mizizi yake minene, dalia kwa viazi vyake. Mbegu, kwa maoni yake, zilikuwa mambo ya lengalenga na nyanya.

Ndipo Baba Mdogo akatuma pakiti ya mbegu kutoka Liège, Ubelgiji. Ilifika imefichwa ndani ya kiatu, kwenye sanduku la mtu aliyekuwa anarudi nyumbani. Juu kulikuwa na picha ya ua la zambarau lililoinamisha kichwa: ankoli, yaani Aquilegia vulgaris. Tantine alivaa miwani, akasoma Kifaransa cha nyuma kwa sauti yake ya mwalimu mstaafu. Mmea wa kudumu. Hutoa maua mwaka wa pili. Hayo yalimpendeza, pakiti moja ingempa miche mingi kuliko vipande vya miaka yote. Kisha akafika kwenye mstari uliomkera: kabla ya kupandwa, mbegu zikae wiki kadhaa kwenye baridi yenye unyevu.

Sababu yenyewe ni ya busara. Ankoli ni ua la Ulaya. Mbegu yake huanguka mwisho wa msimu wa joto, na ingeota palepale, theluji ingeikuta bado changa. Basi hulala, na haiamki mpaka baridi ipite. Bukavu iko kama mita 1,500 juu ya usawa wa bahari, na usiku wa kiangazi tunavaa makoti, ila baridi ya makoti haitoshi kuidanganya mbegu hiyo.

Frigo, yaani friji, ya nyumbani haikuwa na maana, umeme ulikuja ulipotaka. Aliyekuwa na jenereta ni mzee mwenye nganda, baa ya mtaani, upande wa pili wa barabara.

Tantine alinituma nikachote mchanga ziwani. Tuliuosha, tukaukaanga kwenye sufuria kuukuu juu ya mbabula, jiko la makaa, ili kuua wadudu na ukungu, ukapoa, tukaulowanisha kidogo tu. Mbegu zilikuwa nyeusi, zinang'aa, kubwa kidogo kuliko za mchicha nilizozijua. Tukazichanganya na mchanga, tukazitia kwenye kopo la maziwa lenye mfuniko, nami nikavuka barabara.

"Mama Mwalimu anataka frigo yangu ifanye nini?" mzee akauliza.

"Ilalishe mbegu zake, Muzee."

Alicheka mpaka akakaa. Kopo likawekwa rafu ya chini, nyuma ya chupa za bia ya Primus, mbali na barafu. Kila baada ya siku chache nilienda kuangalia kama mchanga haujakauka, na wateja walinisubiri kwa maswali. Mmoja alishikilia kwamba ni dawa ya kufaulu mtihani. Alitaka kijiko.

Mvua za mwezi wa tisa zilipoanza, tulizimwaga kwenye visanduku vya mbao vyenye udongo uliochekechwa. Hatukuzifunika. Mbegu ya ankoli inataka mwanga, kwa hiyo tuliigandamiza tu kwa kiganja, na visanduku tukavisimamisha kwenye beseni la maji ili udongo unywe kutoka chini. Zikaota kwa kupishana kiasi cha kuudhi, moja leo, nyingine baada ya wiki. Baadhi ya miche ilioza shingoni kwa unyevunyevu. Iliyobaki ilitoa majani ya vipande vitatu vitatu, na tone la mvua likikaa juu yake lilibingirika kama zebaki. Nilifaulu mtihani katikati ya hayo yote, na sikumbuki nilipokea vipi habari ile, majani nayakumbuka.

Mwaka wa pili ukaja. Majani, mengi na mazuri. Ua, hakuna. Wa tatu, shina moja lilijaribu, likatoa maua mawili madogo. Pakiti ilikuwa imesema nusu ya habari: ankoli iliyokomaa nayo hudai miezi ya baridi ndipo ichanue, na hakuna nganda yenye frigo ya kuingiza bustani nzima.

Tantine hakulia. Alimpigia Baba Mdogo simu: "Kaka, ukituma tena, tuma na baridi yake." Kisha akaing'oa sehemu kubwa, akapanda agapantusi, ua la kusini mwa Afrika ambalo mbegu zake hazisubiri theluji ya mtu, mradi ni mbichi.

Mzee wa nganda alidai kodi ya frigo. Tukampa chungu kimoja cha ankoli. Alikiweka kaunta, na aliyeuliza aliambiwa ni dawa ya madeni, haitolewi kwa mkopo.